Kilemba cha ukoka cha Dev.D

Mpwa wangu ana miaka 24 na hana subira na mambo ya zamani. Majuzi, baada ya chakula cha usiku, alinisikia nikimkumbusha mama yake filamu ya Devdas ya Dilip Kumar, akacheka. "Mjomba, hiyo ni ya kulia tu. Tazama Dev.D. Hiyo ndiyo iliyomtia adabu Devdas." Akaunganisha kompyuta yake na televisheni, tukakaa. Kila Paro, mpenzi wa Dev, alipofanya jambo la ujasiri, kijana aligeuza shingo kunitazama mimi badala ya kioo, aone kama nimetahayari. Nilitahayari kweli, ila si pale alipopatarajia.

Simlaumu. Anarudia wanayoambizana wapenzi wa sinema ya Kihindi tangu filamu hiyo ilipotoka Februari 2009: kwamba Anurag Kashyap alichukua kisa kikongwe cha mapenzi na maafa, akakipindua miguu juu kichwa chini, akawapa wanawake wa kisa hicho uhuru ambao hawakuwahi kuuonja. Dev.D ni filamu ya uasi. Ukisema vinginevyo unahesabiwa mzee, au mshamba, au vyote viwili.

Kwa kuwa nakusudia kuipinga rai hiyo, nitaieleza kwanza kama wanavyoieleza wenyewe. Devdas ni riwaya ya Kibengali ya Sarat Chandra Chattopadhyay, iliyochapishwa mwaka 1917. Mtoto wa zamindari, yaani bwana mwenye ardhi, anapendana na Parvati, au Paro kwa kifupi, binti wa jirani. Wazazi wanaikataa ndoa, kijana anasitasita, Paro anaozwa kwa mgane tajiri mwenye watoto wakubwa. Devdas anaishia Calcutta, kwenye chupa na kwa Chandramukhi, mwanamke wa danguro anayempenda bure. Mwisho anakwenda kufia mlangoni kwa Paro. Kisa kilifanywa filamu bubu mwaka 1928. P.C. Barua akakirudia kwa sauti mwaka 1935, K.L. Saigal akakiimba kwa Kihindi. Bimal Roy, aliyekuwa mpiga picha wa Barua, akakichukua mwaka 1955, kisha Sanjay Leela Bhansali mwaka 2002 akiwa na Shah Rukh Khan, Aishwarya Rai na Madhuri Dixit. India imemlilia mlevi huyu mpaka jina lake limekuwa neno: mtu akizama kwenye pombe kwa sababu ya mapenzi huambiwa amekuwa Devdas.

Ndipo, wanasema, akaja Kashyap na wazo alilopewa na mwigizaji Abhay Deol, akakihamishia kisa Punjab na Delhi ya leo. Paro, anayeigizwa na Mahie Gill, ana matamanio yake na haoni haya kuyasema. Chanda, anayeigizwa na Kalki Koechlin, anasoma, anaamua, anajipangia. Dev mwenyewe anavuliwa nguo: mbinafsi, mlalamishi, mvulana aliyegoma kukua. Na kubwa kuliko yote, hafi. Wanawake wamefunguliwa, sanamu limeangushwa, kifo kimekataliwa. Hoja tatu, na hakuna hata moja ya kipuuzi. Kosa lao ni kwamba hakuna hata moja inayosimama ukiisukuma.

1. Paro hakungoja mwaka 2009

Shahidi mkuu wa upande wa pili ni godoro. Paro anajipiga picha akiwa uchi na kumtumia Dev aliyeko London. Dev anaporudi, Paro analifunga godoro kwenye baiskeli na kulipeleka shambani, wapate faragha. Nani, wanauliza, aliwahi kumwona Paro wa namna hiyo?

Sarat Chandra alimwona. Katika riwaya (nimeisoma kwa tafsiri ya Kiingereza, Kibengali sikijui) Parvati anatoka kwao usiku wa manane, anaingia nyumba kubwa ya zamindari, anapita penye walinzi, anafika hadi chumbani kwa Devdas na kumwamsha. Anayetetemeka si yeye. Ni Devdas ndiye anayeuliza kama kuna mtu aliyemwona, na kesho uso wake atauweka wapi. Binti wa kijijini Bengal, zama ambazo jina likichafuka usiku mmoja halisafishiki maisha yote, anabeba jina lake lote mkononi na kumwambia mwanamume: nichukue. Sasa lete godoro tupime. Paro wa Punjab anathubutu kutafuta starehe, na haki yake. Parvati anathubutu kudai kuolewa na nyumba ambayo imeshamkataa, na anajua bei yake kabla hajavuka kizingiti.

Devdas anajibuje? Anakimbilia Calcutta na kumwandikia barua ya kumwambia kwamba hakuwa na mapenzi naye ya kiasi hicho. Barua ikishatumwa anajuta, anarudi mbio, anamkuta ziwani. Safari hii Parvati ndiye anayekataa. Anamwambia, kwa maneno makali, kwamba na yeye ana wazazi, na yeye ana fahari yake. Devdas anainua fimbo ya ndoana na kumpiga nayo usoni, damu ikatiririka kutoka kwenye paji la uso. Na, kama mtu anayetoa zawadi, anamweleza kwamba hata mwezi una doa. Sijasoma ukurasa unaomvua mwanamume nguo kuliko huo, na uliandikwa na kijana wa Kibengali kabla baba zetu hawajazaliwa. Anayesema Devdas alikuwa sanamu lililongoja nyundo ya Kashyap hajaufikia ukurasa huo, au ameuona kwenye sinema ukiwa umepakwa marashi.

Kashyap anaweka nini mahali pake? Umbea. Dev anasikia kwamba Paro amelala na mwingine, anaamini, anamkataa. Paro anarudi na godoro lake, kisha anaisukuma pampu ya maji kwa hasira ambayo watazamaji hawajaisahau. Mimi pia sijaisahau. Lakini itazame sawasawa: hasira ile inamwagika ndani ya bomba na haitoki tena. Paro anaolewa, anatoweka, na anaporudi ni kwenye chumba cha kupanga cha Dev huko Delhi, ambako anafagia, anapanga na kufua nguo za mwanamume aliyemtukana. Kisha anamnyima kitanda, anaondoka, nasi tunaombwa tupige makofi. Mwanamke aliyekombolewa amepewa ndoo na sabuni.

Parvati wa riwaya, baada ya kuolewa, anashika funguo za nyumba ya watu. Anapogundua kwamba binti wa mumewe amemnunia, anamvisha vito vyake mwenyewe mpaka kinyongo kinaisha. Huo ni uwezo wa mtu ndani ya gereza, lakini ni uwezo, na mwandishi ana hamu ya kuujua hata Devdas asipokuwapo. Kamera ya Kashyap haina hamu hiyo. Paro akishaonyesha alichoitiwa, anarudishwa kwake.

2. Aliyefutwa kimyakimya

Kwa nini Devdas na Parvati hawakuoana? Ukiwauliza wanaoisifu Dev.D watakwambia ni mila, au wazazi, kisha wataendelea na habari za mapenzi. Riwaya inajibu kwa usahihi zaidi. Wote ni Wabrahmin, ila ukoo wa Parvati unahesabiwa wa chini kidogo kwa sababu una desturi ya kupokea mali kwa mabinti zake. Msomaji wa huku kwetu atasimama hapo na kukuna kichwa: kumbe mahari ndiyo aibu? Ndiyo. Katika koo za juu za Bengal upande wa mke ndio unaotoa. Anayepokea anaitwa mfanyabiashara wa mabinti. Kwa tofauti hiyo ndogo, ambayo mgeni asingeiona hata kwa miwani, watu watatu wanaharibikiwa.

Sasa nenda mwisho wa riwaya uone mwandishi anavyolipiza. Devdas anashuka garimoshi usiku kwenye stesheni ya Pandua, akimwacha mtumishi wake amelala kwenye behewa. Anapanda gari la ng'ombe, anafika kijijini kwa Paro akiwa hoi, anakata roho chini ya mti mbele ya nyumba. Hakuna anayemjua. Na kijijini hakuna anayekubali kumgusa. Anazikwa, kama neno hilo linafaa, na watu wa tabaka la chini kabisa waliolazimika kuifanya kazi hiyo, wakamchoma nusunusu kando ya dimbwi na kumwachia mbweha na kunguru. Mtoto wa Mbrahmin mwenye ardhi, aliyemwacha Parvati kwa ajili ya nusu hatua ya ukoo, anakosa ukoo wa kumshika maiti. Mfumo ule ule ulioivunja ndoa umeyavunja mazishi. Kama huo si uasi, neno hili lina maana gani?

Dev.D imeutoa mfumo huo nje, na hakuna aliyegutuka. Kikwazo kimekuwa wivu wa kijana mmoja: angekuwa na akili kidogo, harusi ingefanyika. Matatizo ya tabaka na ukoo, ambayo Punjab ya leo haijayamaliza wala Delhi haijayamaliza, yamepunguzwa hadi kuwa tabia mbaya ya Dev. Ni rahisi kuasi ukishampa adui likizo.

Na hapa ndipo hila ndogo ya ulinganisho inapoingia. Wanaoisifu Dev.D hawailinganishi na kitabu. Wanailinganisha na Bhansali, na kasri lake la vioo, na ile ngoma anayocheza Paro pamoja na Chandramukhi, wanawake ambao katika riwaya hawakutani hata siku moja. Ukishindana mbio na mtu aliyevaa nguo za harusi zilizojaa mawe, ushindi wako usiutangaze sana mtaani.

3. Danguro lenye ratiba ya masomo

Kwa Chanda napaswa kwenda polepole, maana hapo ndipo filamu ilipogusa jambo zito kisha ikaliacha mkononi mwa mtu mwingine.

Mwaka 2004 Delhi ilitikiswa na video fupi ya wanafunzi wawili wa shule iliyosambaa kwenye simu. Iliwekwa hata kwenye tovuti ya mnada, na mkuu wa tovuti hiyo akakamatwa. Kashyap anampa Leni, ambaye baadaye anakuwa Chanda, kisa kinachofanana na hicho. Video inasambaa, baba yake anajiua, binti anatupwa na jamaa zake, anaishia Paharganj, mtaa wa wageni karibu na stesheni kuu ya garimoshi. Hapo filamu ilikuwa imeshika swali ambalo Sarat Chandra hakuweza kulijua: binti amefedheheshwa na watu elfu, kila mmoja amebonyeza kitufe kwa kidole chake, na anayelipa ni yeye peke yake. Ningeitazama filamu hiyo mara tatu.

Haikutengenezwa. Badala yake tunapewa danguro lenye taa za waridi, kuwadi mcheshi, na ratiba inayomruhusu binti kuwahi kipindi chuoni. Anachagua wateja, anachagua mavazi, anachagua hata jina, na jina lenyewe analiokota kwa Madhuri Dixit akiwa kwenye televisheni ndani ya Devdas ya Bhansali. Kichekesho kizuri, ukitaka unaweza kukiita werevu. Lakini sikiliza kinachosemwa chini yake: mwanamke aliyepoteza kila kitu anaambiwa ajitafute ndani ya sinema ya wanaume, na akishajipata, kazi yake ni kumngoja mwanamume. Dev anakuja, analewa, analia, anatoweka, anarudi. Chanda anampokea, anamwosha. Wanaondoka wawili.

Chandramukhi wa mwaka 1917 hakumngoja mtu kuacha kazi ile. Devdas alimdharau siku ya kwanza, akamtupia fedha na kutoka. Dharau ile ikamkaa kooni, akafunga duka. Anauza vitu vyake, anahamia kijijini, anaishi kwenye kibanda cha udongo. Anamtafuta Devdas baadaye, naam, na anamuuguza, na Devdas anapoondoka anaomba afuatane naye na kukataliwa. Ila kuacha danguro kulikuwa uamuzi wake, na aliutekeleza peke yake, kwa fedha zake. Waigizaji waliufahamu uzito wa mwanamke huyo mapema. Vyjayanthimala, aliyemwigiza kwa Bimal Roy, alipotunukiwa tuzo ya Filmfare ya mwigizaji msaidizi aliikataa, akisema Chandramukhi hamsaidii mtu, yuko sawa na Paro. Hiyo ilikuwa miaka ya 1950. Mwaka 2009 Chanda anapewa sura yake nzima yenye jina lake, na ndani ya sura hiyo bado tunamsubiri Dev aingie.

4. Maiti haulizwi sanda

Mpwa wangu aliniuliza ni wapi hasa nilipotahayari. Ni hapa.

Dev, akiwa amelewa, anaendesha BMW usiku na kuua watu kando ya barabara. Jambo hilo nalo halikutoka hewani. Januari 1999 gari la aina hiyo liliua watu sita Delhi, polisi wakiwamo, na dereva alikuwa mjukuu wa aliyekuwa mkuu wa jeshi la majini la India. Hukumu ya kumtia hatiani ilikuja mwaka 2008, baada ya mashahidi kugeuka na kugeuzwa. Kila aliyeketi kwenye sinema za Delhi mwanzoni mwa 2009 alijua kinachozungumziwa.

Basi Kashyap alikuwa na Devdas wa karne hii mkononi: mtoto wa tajiri ambaye hajiui mwenyewe, anaua wengine. Hapo angeweza kukipindua kisa kwelikweli. Angeweza kuuliza ile huzuni maarufu ya Devdas inalipiwa na nani. Tunaonyeshwa nini? Hatuingii nyumbani kwa hata mmoja wa wale waliokufa. Hatumsikii mama wa hata mmoja wao. Vifo vile ni kituo kwenye safari ya Dev kujielewa, kama vile kituo cha kubadilisha basi. Anateseka, fedha zinamwishia, anazungukazunguka, nusura na yeye agongwe, anazinduka. Kuzinduka kwake kumegharimu roho za watu, na filamu inakuhesabu kama ushindi wa uhai dhidi ya kifo.

Mtetezi wake ataniambia Dev bado ana deni na sheria, na kwamba kuishi ni kugumu kuliko kufa. Labda. Lakini taa zimewashwa akiwa ameshaoga na ana mtu wa kumkumbatia. Wale wa kando ya barabara hawana hata majina.

Ndiyo maana nasema kifo cha Devdas, ambacho watu wamekichoka na kukicheka, kilikuwa na kazi. Sarat Chandra anamhurumia mno kijana wake, na ukurasa wa mwisho anamwombea machozi kwa msomaji, hilo simtetei. Hata hivyo alimlipisha. Alimchukulia nyumba, jina, ukoo, mwili, na mlango wenyewe aliofia mbele yake hakumfungulia. Dev.D imezisoma dhambi zote kwa sauti kubwa zaidi, ikaongeza nyingine nzito kuliko zote, kisha ikamfutia mshtakiwa kesi. Msamaha wa namna hiyo watoto wa matajiri wanaujua tangu utotoni. Hawajawahi kuuita uasi.

5. Na muziki je?

Nyimbo 18, na Amit Trivedi alipata tuzo ya taifa kwa muziki huo. Nimezisikiliza. Pia nimeona rangi zile zinazowaka, na kamera inayoyumba pamoja na mlevi. Hizo ndizo hoja za mwisho za mpwa wangu, na alizitoa akiwa amesimama. Lakini Barua, kwa vifaa vya mwaka 1935, aliunganisha picha ya Devdas akipiga kelele ndani ya garimoshi na ya Paro akijikwaa papo hapo nyumbani kwake mbali, na watu wa sinema wanaitaja hadi leo. Hakuna aliyedai kwamba kwa sababu hiyo Barua aliipindua jamii ya Wabengali. Mtindo ni mtindo. Ukimvika nao Devdas, umembadilishia nguo.

Kijana aliponiona nimenyamaza aliuliza kama basi nilitaka Dev naye afe mlangoni kwa mtu. Hapana, sikutaka afe. Nilitaka apelekwe kwenye nyumba moja, moja tu, ya wale aliowagonga, abishe hodi, na kamera isizimwe. Ameahidi kukisoma kitabu. Nimemwekea mezani, ni chembamba, atakimaliza kwa siku mbili.